Lascelles hakuwa mpambe

Ndugu Mhariri,

Nalinunua gazeti lenu tangu nikiwa kijana wa mashine ya taipu, na sijawahi kuwaandikia hata mstari mmoja. Mlipoweka picha ya Mlima Meru mkaandika chini yake Kilimanjaro, nilinyamaza. Mlipotangaza kifo cha mzee mmoja wa mtaani kwetu akiwa hai, nilinyamaza pia, ingawa yeye mwenyewe hakunyamaza. Lakini ile makala yenu ya Jumapili kuhusu mwana wa mfalme wa Uingereza hapa Dodoma mwaka 1928 imenishinda. Safu tatu nzima mmezijaza habari za mke wa ofisa wa kikoloni na usiku ule. Mtu pekee aliyesema neno la maana katika kisa chote kile mmempa mstari mmoja: "mpambe wake, Bwana Lascelles."

Mpambe ni yule anayesimama nyuma ya mkubwa na kamba za dhahabu begani, anamvutia kiti, anampokea kofia. Alan Lascelles aliwahi kuwa mpambe, sikatai, kule Bombay baada ya Vita Kuu ya Kwanza, chini ya gavana ambaye alikuwa shemeji yake. Alikuwa pia kapteni wa jeshi, alipigana Ufaransa na kurudi na nishani. Lakini alipofika Dodoma alikuwa katibu msaidizi wa Edward, mrithi wa kiti cha ufalme, kazi aliyoianza mwaka 1920. Baadaye akawa katibu mkuu wa Mfalme George wa Sita kuanzia 1943, akamalizia kwa Malkia Elizabeth mwaka 1953. Mwaka 1944 Mfalme George na Waziri Mkuu wake, Churchill, walipoanza kujigamba kwamba wataingia melini kwenda kutazama jeshi likishuka Normandy, pwani ya Ufaransa, ni yeye aliyemwuliza Mfalme kama ameshamwelekeza binti yake amteue nani kuwa waziri mkuu endapo meli itazama na wote wawili. Mfalme akabaki nyumbani. Mpambe angetafuta makoti ya mvua.

Wala simtetei kwa sababu ya damu yake. Babu yake alikuwa Earl, yaani lodi, wa Harewood, na utajiri wa nyumba ile ulichumwa kwenye mashamba ya miwa ya Barbados, kwa mgongo wa watumwa. Kuzaliwa kwenye ngazi si sifa. Ninachokitetea ni kile alichokifanya Novemba 1928, hapa hapa kwetu, na mlikuwa nacho mkononi mkakiruka ili mfike haraka chumbani.

Edward alikuwa safarini kuwinda. Kule London baba yake, George wa Tano, alikuwa mahututi. Waziri Mkuu Baldwin akawa anatuma telegramu za siri moja baada ya nyingine: rudi nyumbani. Ya mwisho ilikuwa kali kuliko zote, na Lascelles na wenzake walikuwa bado wanaifumbua Edward alipoingia. Akasema haamini hata neno moja, hizo ni hila tu za uchaguzi za mzee Baldwin. Hapo katibu akapasuka, kwa mara ya kwanza na ya mwisho katika miaka yake yote na bwana yule. Akamwambia kwamba Mfalme wa Uingereza anakufa, na kama kwako hilo si kitu, kwetu sisi ni kitu kikubwa. Edward akamtazama, akatoka bila kujibu, akaenda kwa huyo mke wa ofisa mliyempamba safu tatu. Lascelles ameyaandika yote kwenye shajara zake, na shajara zimechapishwa. Hazikufichwa sandukuni.

Na msije mkaniambia kwamba Mfalme alipona, akaishi hadi Januari 1936. Edward mwenyewe hatimaye alikwenda Dar es Salaam, akapanda manowari Enterprise kurudi kwao. Kupona kwa mgonjwa hakumfanyi aliyekataa kwenda kumwona kuwa mganga.

Nina sababu ya kuwaka hivi. Mwaka 1986 nilikuwa katibu muhtasi wa mkubwa mmoja, simtaji, mkoa siutaji, ana wajukuu. Tulikuwa kwenye safari ya kikazi, tumelala nyumba ya wageni ya serikali, umeme hakuna, kuna karabai moja na karata mezani. Saa nne usiku askari akaja na ujumbe wa simu ya upepo: baba yake mkubwa wangu yu hoi, arudi. Nikauandika vizuri, nikaweka saa na jina la aliyeupokea kama nilivyofundishwa, nikampelekea. Akausoma, akacheka, akasema wazee wa kwao wakiishiwa mahindi huwa wanaugua. Akaendelea kugawa karata. Mimi si Lascelles, Mhariri. Nilikuwa na watoto watatu na nyumba ya serikali. Nilikunja karatasi, nikasema "sawa, mzee", nikaenda kulala, na usingizi haukuja. Siku ya tatu askari alirudi na ujumbe mfupi zaidi. Njia nzima ndani ya Land Rover hakuna aliyesema neno. Msibani, mbele ya ukoo mzima, nikamsikia kwa masikio yangu akieleza kwamba ujumbe wa kwanza haukumfikia, makarani wa siku hizi hawaaminiki. Wiki mbili baadaye nikapokea barua ya kutakiwa kujieleza ndani ya siku saba, na mwezi uliofuata nikahamishiwa masjala, kuhesabu majalada yaliyoliwa na mchwa. Lascelles alijiuzulu mwaka 1929. Kabla ya kuondoka alimweleza Edward kwa muda wa karibu saa nzima kwamba kwa mwenendo ule kiti kitamponyoka, na mnajua Desemba 1936 kilimponyoka, akajiuzulu ufalme. Mnajua alipewa nini kwa maneno yale? Gari. Alipewa zawadi ya gari! Mimi nilipewa mchwa, na nilikuwa nimesema "sawa, mzee" tu.

Halafu kuna jambo ambalo mngelijua kama mngesoma zaidi ya ukurasa wa mapenzi. Mtu huyu huyu aliandika barua kwa mhariri. Ilitoka kwenye The Times la London tarehe 2 Mei 1950, na ilieleza ni lini Mfalme anaweza kumkatalia waziri mkuu kuvunja Bunge: ikiwa Bunge lililopo bado lina uhai wa kufanya kazi yake, ikiwa uchaguzi utaumiza uchumi wa nchi, na ikiwa anaweza kupatikana waziri mkuu mwingine mwenye wabunge wa kutosha kumbeba kwa muda wa kueleweka. Waingereza wanainukuu hadi leo kana kwamba ni sheria. Na hakuweka jina lake. Alitia sahihi "Senex", yaani Mzee kwa Kilatini, basi. Ingekuwa gazeti lenu, angeambiwa alete jina kamili, namba ya simu na picha ndogo, barua isizidi maneno 150, na hata hapo ingesubiri kwa sababu ukurasa wa barua siku hizi umegeuzwa uwanja wa matangazo ya kubeti. Nimehesabu Jumatano iliyopita: barua moja, mikeka minne. Barua yenyewe ilikuwa inawashukuru ninyi.

Sasa ninachotaka. Masahihisho yatoke Jumapili ijayo, ukurasa ule ule, herufi za ukubwa ule ule, si kule nyuma chini ya ratiba ya ligi. Yasomeke hivi: "Alan Lascelles alikuwa katibu." Maneno manne. Mkitaka la tano, wekeni "samahani". Na mwandishi wenu apewe juma moja masjala yoyote, akae na wale akina mama wanaopokea barua na kugonga mihuri, halafu awaambie wao usoni kwamba ni wapambe. Nauli yake nitatoa mimi.

Jina langu na namba ya simu viko kwenye karatasi ya pili, kama mnavyodai. Msivichape.

Mzee,
Kizota, Dodoma