Hao wahamiaji wa zamani wa Marekani walifuata sheria gani?

Mhariri,

Salaam kwako na kwa wasomaji wenzangu. Nimeisoma ile barua ya msomaji mliyoichapa kuhusu wahamiaji wa Marekani, ile iliyosema wahamiaji wa zamani walikuwa watu wa utaratibu, walipanga foleni, wakajifunza Kingereza fasta, wakachapa kazi, sio kama hawa wa siku hizi wanaoruka uzio usiku. Hoja hii naisikia kila mahali, mpaka watu wetu waliohamia hukohuko Marekani juzi tu wanaisema kwa kujiamini kabisa, na ndo maana nimeona niandike, maana historia yenyewe haiko hivyo hata kidogo.

Tuanze na swali jepesi, walifuata sheria gani? Mpaka 1875 serikali kuu ya Marekani karibu haikuwa na sheria yoyote ya kumzuia mtu huru kuingia. Muairishi aliyekimbia ile njaa ya viazi 1847 alipanda meli Liverpool, akifika New York au Boston anashuka, basi imeisha. Hakuna viza, hakuna ubalozi, hakuna kuonyesha akaunti ya benki ina shilingi ngapi. Massachusetts walikuwa na sheria zao za jimbo za kuwarudisha mafukara na kweli kuna Waairishi walirudishwa, lakini aliyevuka hapo alikuwa ameingia. Sasa mtu huyu utamsifiaje kwa kupanga foleni wakati foleni yenyewe haikuwepo?

Hata Ellis Island, kile kituo cha kukagua wahamiaji kwenye bandari ya New York ambacho kila mtu anakitaja, kilifunguliwa Januari 1892, na kati ya watu zaidi ya milioni 12 waliopitia pale mpaka kinafungwa 1954, waliokataliwa ni kama asilimia mbili tu. Na waliopelekwa pale kwa kawaida ni wale wa daraja la chini kabisa la meli, wa daraja la kwanza na la pili walikuwa wanakaguliwa humohumo melini halafu wanashuka zao na mabegi. Wa chini ndo wanapandishwa ngazi huku daktari anawaangalia nani anahema sana, nani anachechemea, mwenye mashaka anachorwa chaki kwenye koti, herufi moja ya moyo, nyingine ya macho, halafu kuna yule wa kukunjua kope kwa kile chuma cha kufungia vifungo vya viatu atafute trakoma, ugonjwa wa macho wa kuambukiza. Wengi walimaliza ndani ya masaa machache. Na kulikuwa na swali moja la mtego ambalo ukilifikiria kwa akili za leo unacheka, uliulizwa kama una kazi inakusubiri, na ukijibu kwa furaha kwamba ndio kuna bosi nimeshasaini naye mkataba umejimaliza, kwa sababu sheria ya 1885 ilikataza kuleta vibarua kwa mkataba kutoka nje. Ulitakiwa uonyeshe una nguvu za kufanya kazi ila kazi yenyewe huna!

(Na kwa faida ya yule msomaji, ile hadithi kwamba maofisa wa Ellis Island walikuwa wanawabadilishia watu majina haina ukweli, maofisa walikuwa wanasoma orodha ya abiria iliyoandikwa na watu wa kampuni ya meli kule mtu alikopandia. Wengi waliobadilisha majina walibadilisha wenyewe baadaye, wakitafuta kazi au wamechoka kuulizwa yanaandikwaje.)

Walioanza kukutana na mlango uliofungwa ni Wachina, na hapa naomba nikae kidogo maana hii habari watu wengi hawaijui. Wachina walianza kwenda California kwa wingi wakati wa dhahabu baada ya 1848, wengi kutoka wilaya chache tu za Guangdong kusini mwa China. Wakatozwa kodi ya wachimbaji wa kigeni, wakafukuzwa machimboni, zaidi ya elfu kumi wakajenga reli ya Central Pacific iliyokamilika 1869, na reli ilipoisha wakaambiwa wanaharibu soko la vibarua. Sheria iitwayo Page Act ya 1875 ikawabana wanawake wa Kichina wasiingie, 1882 Bunge likapiga marufuku vibarua wote wa Kichina, sheria ya kwanza kabisa Marekani kuwafungia watu mlango kwa kutaja taifa lao. Walioruhusiwa ni wafanyabiashara, wanafunzi, walimu, wanadiplomasia na wasafiri wa kutembea tu. Ndo ukapata ile Chinatown, yaani mtaa wa Wachina, ya wanaume tupu, mtu kaoa China kaacha mke huko, anamwona mara chache sana maishani, halafu magazeti yanaandika kwamba hawa watu wana maisha ya ajabu hawana familia. Mmewazuia wake zao nyie wenyewe!

Sasa angalia watu walivyojiokoa. Aprili 1906 San Francisco ikapigwa na tetemeko, moto ukafuata, kumbukumbu za vizazi za mji zikateketea. Mchina akawa anaweza kwenda kuapa kwamba yeye kazaliwa hapohapo mjini, na nani atambishia wakati cheti ni majivu. Mahakama ya Juu ilishaamua 1898, kwenye kesi ya mpishi mmoja anaitwa Wong Kim Ark, kwamba aliyezaliwa Marekani ni raia hata kama wazazi ni Wachina, kwa hiyo huyu naye anakuwa raia, na watoto wake waliozaliwa China wanahesabika raia. Basi kila akienda China kutembea, akirudi anaripoti kwa maofisa kwamba amepata mtoto wa kiume. Wengine walikuwa watoto wa kweli, wengine hawakuwepo kabisa, ilikuwa ni nafasi inatunzwa ije impitishe mpwa, mtoto wa jirani, au iuzwe kwa mtu kijijini. Hao waliitwa watoto wa makaratasi.

Serikali nayo haikulala, ikafungua kituo cha Angel Island kwenye ghuba ya San Francisco, 1910 mpaka 1940, na kijana akifika anahojiwa kwa masaa mengi, mara nyingine siku kadhaa. Nyumba yenu mlango unaangalia wapi? Pipa la mchele linakaa sehemu gani? Ngazi ina vidato vingapi? Nyumba ya tatu ya mstari wa pili anakaa nani? Majibu yanalinganishwa na ya baba yake, yakipishana anarudishwa. Kwa hiyo vijana walikuwa wanakariri daftari zima la majibu melini halafu wanalitupa baharini kabla ya kufika. Na kuna watoto halisi, damu kabisa, waliofeli, kwa sababu hebu niambie wewe unayesoma hapa ni nani anahesabu vidato vya ngazi ya kwao. Watu walikaa pale wiki, miezi, wachache karibu miaka miwili, na mashairi waliyoyachonga kwenye kuta za mbao yapo mpaka leo. Ukienda makaburi ya Wachina kule California unakuta makaburi yenye majina mawili tofauti, la Kingereza ni lile la makaratasi, la Kichina ndo ukoo wake wa kweli.

Watu pia wanadhani Mchina alipenda tu kufua na kupika. Kufua nguo ilikuwa kazi isiyotaka mtaji mkubwa na ambayo wazungu hawakuigombania sana, na hata hapo San Francisco ilipitisha sheria kwamba dobi mwenye jengo la mbao lazima aombe kibali, Wachina karibu 200 wakaomba wakanyimwa wote, wasio Wachina wakapewa karibu wote, mpaka Mahakama ya Juu ikasema 1886 kwenye kesi ya Yick Wo kwamba huo ni ubaguzi. Na migahawa nayo iliongezeka sana baada ya 1915, mahakama ilipokubali kwamba mwenye mgahawa anaweza kuhesabika mfanyabiashara, maana yake anaweza kwenda na kurudi na kuleta ndugu. Yaani hivyo vyakula vya Kichina kila mji wa Marekani kwa sehemu ni matokeo ya sheria ya uhamiaji.

Haya tuje kwa Wazungu, ambao ndo yule msomaji alikuwa anawasifia. 1924 Bunge likapitisha sheria ya mgao kwa kila nchi na viza ikawa lazima uipate ubalozini kabla hujaondoka. Mgao ulipimwa kwa idadi ya watu wa kila nchi waliokuwa tayari Marekani, na wakachukua makusudi sensa ya 1890, kabla Waitaliano, Wapolandi na Wayahudi wa Urusi hawajajaa. Italia iliyokuwa na nafasi 42,057 kwa mwaka chini ya sheria ya 1921 ikashuka mpaka 3,845. Tanganyika, iliyokuwa chini ya Waingereza wakati ule, tuliandikiwa nafasi 100. China nayo iliandikiwa 100, ila Mchina mwenyewe haruhusiwi kuzitumia kwa sababu kisheria Mchina aliyezaliwa nje hakuweza kupewa uraia wa Marekani, hizo nafasi ni za mtu mwingine aliyezaliwa China. Hii sio utani, ilikuwa imeandikwa na kusainiwa.

Unadhani Wazungu waliokosa nafasi walitulia kwao wakasubiri zamu? Hapana. Mabaharia waliruka meli bandarini, wengine walipita Canada, Mexico na Cuba, wakalipa watu wa kuwavusha, mambo yaleyale tunayoyaona leo. Tofauti ni namna walivyoshughulikiwa. Machi 1929 zilipita sheria mbili zilizopishana siku mbili tu. Moja iliruhusu mtu aliyeingia kabla ya Juni 1921 ambaye hana rekodi ya kuingia aende ajiandikishe, alipe dola 20, aonyeshe tabia njema, apewe ukaaji halali. Zaidi ya watu laki moja walinufaika miaka kumi iliyofuata na wengi wao walitoka Ulaya na Canada. Sheria ya pili ilifanya kuvuka mpaka bila kukaguliwa kuwa kosa la jinai, na iliyemlenga zaidi ni Mmexico, ambaye mgao wa 1924 haukumgusa kwa sababu wenye mashamba kusini magharibi walikuwa wanamhitaji. Kuanzia 1935 ukaongezwa utaratibu mwingine, Mzungu aliyeingia kinyemela anavuka kwenda Canada kidogo tu, anachukua viza ubalozi wa Marekani, anarudi amenyooka. Miaka hiyohiyo ya 30 Wamexico laki kadhaa walisukumwa kwenye treni kurudishwa Mexico, wakiwemo watoto waliozaliwa Marekani, raia kamili.

Halafu vita ikaja, mashamba yakakosa watu, wakaitwa tena! Mpango wa Bracero, wa kuleta vibarua wa Mexico kwa mkataba, ulianza 1942 ukaisha 1964 ukiwa umetoa mikataba zaidi ya milioni nne. Ulipofungwa, sheria ya 1965 ambayo kwa upande mwingine ilikuwa nzuri, ndiyo iliyofuta ile migao ya kibaguzi na kuwafungulia Waasia na Waafrika, ikaweka kwa mara ya kwanza kikomo cha nafasi 120,000 kwa bara lote la Amerika kuanzia 1968. Kwa hiyo mtu aliyekuwa anakwenda kuvuna California kila msimu kwa mkataba, na baba yake kabla yake, mwaka unaofuata anaenda shamba lilelile kwa bosi yuleyule ila sasa anaitwa haramu. Yeye hajabadilika chochote.

Kuhusu Kingereza sitasema mengi. Benjamin Franklin mwenyewe 1751 alikuwa analalamika kwamba Wajerumani wa Pennsylvania watawageuza Waingereza kuwa Wajerumani. Ohio ilikuwa na sheria ya kuruhusu shule za Kijerumani tangu 1839, Cincinnati watoto walisoma lugha zote mbili kwa vizazi, na kilichoua Kijerumani sio hamu ya kujichanganya, ni Vita ya Kwanza ya Dunia. Gavana wa Iowa 1918 alikataza kuongea lugha ya kigeni hadharani, mpaka kwenye simu. Nebraska mwalimu mmoja alipigwa faini ya dola 25 kwa kumsomesha mtoto wa miaka kumi kwa Kijerumani, na Mahakama ya Juu ikaja kumpa haki yake 1923, Kijerumani chenyewe kimeshaogopwa. Kwa hiyo leo mtu anapomwambia mama wa Kisomali wa Minneapolis kwamba Wajerumani walijifunza Kingereza fasta na yeye anachelewa, ajue hao Wajerumani walichukua miaka zaidi ya mia moja na hawakuacha kwa hiari.

Mhariri, sisemi kwamba nchi isiwe na sheria za mipaka, kila nchi inazo na huo ni mjadala mwingine. Ila kama yule msomaji atanijibu, na naomba umpe nafasi, ningependa aache kwanza habari za foleni na bidii anijibu hili la 1929 peke yake. Kama yule Mzungu aliyeruka meli New York alistahili kusamehewa kwa dola 20, huyu anayeokota nyanya Florida miaka ishirini sasa na kodi anakatwa kwenye mshahara, anakosa nini ambacho yule wa kwanza alikuwa nacho?

Ni mimi msomaji wenu wa siku zote.