Barua kwa mwanangu: simu isipolia

Mwanangu,

Nakuandikia nikiwa kazini, saa tisa za usiku. Wazee wote wamelala isipokuwa bibi wa chumba cha mwisho, anayebonyeza kengele kila nusu saa. Tukikaa uso kwa uso tunagombana, bora karatasi.

Unataka kuwa mwigizaji, nimesikia. Swali langu ni lile lile na hujanijibu: simu ya kukuita kazini isipolia, utafanya nini?

Ulisema, "Mama, mtazame yule mwigizaji Marianne Jean-Baptiste kwanza, halafu tuzungumze." Haya, nimemtazama. Ile filamu yake iliyoongozwa na Mike Leigh, Secrets & Lies nimeiona mara mbili, ya pili peke yangu. Pale mkahawani wamekaa ubavu kwa ubavu, yeye na Brenda Blethyn, kamera haibanduki. Mama wa Kizungu, ndiye huyo Blethyn, anakataa katakata kwamba huyu anaweza kuwa mwanawe, mara uso unambadilika, amekumbuka, analia. Na binti wa watu ametulia, anamsikiliza. Sikujua kama kusikiliza nako ni kazi ya kulipwa.

Lakini mbona yaliyofuata hukunieleza? Filamu ilipata Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, mwaka 1996, yeye akateuliwa kuwania Oscar, mwanamke mweusi wa kwanza wa Uingereza kufika hapo kwa uigizaji. Mwaka 1997 waigizaji vijana wa Uingereza wakapelekwa Cannes, naye akaachwa. Alilisema hadharani, hakumung'unya maneno. Kisha akaenda zake Marekani, akacheza ofisa wa FBI, wale wapelelezi wa serikali, katika tamthilia ya televisheni Without a Trace kuanzia 2002 hadi 2009. Wallahi nilikuwa namtazama humu humu kazini nikidhani ni Mmarekani! Kumbe mtoto wa London, wazazi wake wametoka visiwa vya Karibiani kama sisi tulivyotoka Unguja.

Kwa hiyo miaka saba alikuwa na kazi ya uhakika, alhamdulillahi. Lakini ilibidi avuke bahari, na huyo kasoma RADA, chuo cha uigizaji cha London. Wewe simu isipolia utavuka bahari ipi? Mimi bibi yako nilimwambia nakuja huku miaka miwili tu.

Ile uliyonipeleka sinema, Hard Truths ya 2024, ndiyo iliyonichoma. Mike Leigh yule yule, miaka 28 baadaye. Ulinieleza kwamba haanzi na maandishi, anakaa na waigizaji wiki kwa wiki mpaka mtu anapatikana. Basi huyo Pansy anayechezwa na Jean-Baptiste wamemtoa wapi? Anagomba dukani, anagomba kwa daktari, anamgombeza mwanawe aliyejifungia chumbani. Ukanitazama kwa pembeni. Nilikuona. Mimi sigombi na watu dukani.

Kelele nikitoka zamu, hiyo kweli. Na siku ya mchezo wenu wa shule, ile zamu ningeweza kubadilishana na mtu. Basi, tuyaache.

Fomu ya uuguzi iko kwenye droo, chini ya vijiko. Sikulazimishi, nataka tu ujue ilipo. Wakala wa waigizaji akikuita, soma mkataba kabla hujatia saini, na usimpe mtu hata senti ya usajili. Wakala wa kweli hula asilimia ya unachopata wewe. Na jina lako usilikate. Mwenzio Jean-Baptiste lake lina kistari katikati, na watu wamejifunza kulitamka.

Uliposoma yale maneno ya majaribio mbele ya kabati la vyombo, nduguyo aliweka simu chini. Mtoto yule haweki simu chini hata nyumba ikiwaka moto. Nilikuwa nakata vitunguu, usije ukafikiri nilikuwa nalia.

Simu isipolia mwezi wa kwanza, hayo kawaida. Wa pili je? Usinidanganye kwamba uko sawa. Uongo wa namna hiyo naujua, nimemwambia bibi yako miaka yote hii.

Bizari ya pilau nimeisaga, iko kwenye chupa ya kahawa, usije ukaikoroga ukanywa. Sufuria kubwa chukua, ila kifuniko chake sikioni, muulize nduguyo. Blanketi la kijani lisiingie mashine, linatoa rangi.

Jumapili usiondoke kabla ya saa mbili asubuhi. Zamu yangu inaisha saa moja, safari hii kweli.

Mama yako