Mdogo wangu, itazame ile filamu bila rangi

Mdogo wangu mpendwa,

Nimeitazama mara mbili video uliyonitumia, ile filamu ya zamani ya barabara ya Market, San Francisco, iliyotiwa rangi kwa akili mnemba, ikalainishwa mwendo na kuwekewa sauti za kwato na honi. Nafurahi kwamba imekugusa. Hata hivyo nakuomba uitafute ile ya asili, isiyo na sauti wala rangi, uitazame dakika zake zote zipatazo 13.

Ndugu wa familia ya Miles, watengeneza filamu, waliiweka kamera mbele ya gari la abiria linalovutwa kwa kebo, likashuka polepole kuelekea jengo la vivuko lenye mnara wa saa. Wapita njia, mikokoteni ya farasi, baiskeli na motokaa wanakatiza mbele yake, kila mmoja akipita anapoona nafasi. Na ukikaza macho utaona motokaa zilezile zikirudi tena na tena, yaelekea kwa makusudi, ili barabara ionekane imejaa magari.

Kwa miaka mingi iliaminika kuwa filamu hiyo ilipigwa mwaka 1905. Mwanahistoria David Kiehn hakuridhika. Aliyaangalia madimbwi ya maji barabarani akayalinganisha na habari za mvua katika magazeti ya wakati ule, akafuatilia namba za usajili za motokaa, hata akabaini kwamba ilipigwa Aprili 1906, siku chache kabla ya tetemeko la alfajiri ya tarehe 18. Tetemeko lile na moto uliofuata viliua watu wapatao 3,000 na kuteketeza sehemu kubwa ya jiji, pamoja na studio ya akina Miles. Filamu ilisalimika kwa sababu ilikuwa imekwisha kupelekwa New York.

Sasa elewa ninachokihofia. Akili mnemba haijui koti la bwana anayepita barabarani lilikuwa la rangi gani; inakisia tu, na penye ukungu hujaza kwa kubuni. Dimbwi na kibao cha namba, ambavyo ndivyo mashahidi waliotupa tarehe, ndivyo vitu vidogo vinavyoweza kufutwa au kugeuzwa picha inapong'arishwa, na mtazamaji asijue kwamba kuna kilichopotea.

Kwa hiyo anza na madimbwi, kisha watazame wale wanaogeuka kuiangalia kamera. Uniandikie umeona nini.

Nduguyo akupendaye