Kwa mwanangu wa Ngamiani anayetaka kuandika katuni

Mwanangu,

Skripti yako nimeisoma yote, kurasa 26 za kipindi cha dakika 11. Nakujibu hadharani maana wenzako kadhaa hapo Tanga wananiuliza hayo hayo.

Watoto watatu kupotea Mapango ya Amboni, hilo nimelipenda. Ila umerusha popo elfu moja kwa mpigo, kisha ukatupeleka Soko la Mgandini limefurika watu. Nani atawachora? Televisheni hupitisha fremu 25, yaani picha tuli 25, kwa sekunde. Hata mchoro mmoja ukikaa fremu mbili, bado ni michoro kama 12 kila sekunde kwa mhusika mmoja anayetembea. Kompyuta imepunguza kazi, haijaimaliza. Umati, maji, kanga inayopepea, vyote ni gharama, na mstari wako mmoja unaweza kula wiki nzima ya mtu.

Na cha bure ulikuwa nacho ukakiacha: giza la pangoni. Zima tochi yao. Skrini nyeusi, jozi tatu za macho, basi. Hapo sauti ndiyo inabeba kila kitu. Kwa kawaida sauti hurekodiwa kwanza, mchoraji akaja kufuata mdomo wa mwigizaji, kwa hiyo mzaha, kigugumizi, hata kuhema, uviweke wewe kwenye maneno. Watoto wako wanazungumza kama taarifa ya habari. Kwani mkiwa barazani na watani zenu Wabondei ndivyo mnavyosemeshana?

Sasa yule mwalimu mzee anayeibuka dakika ya tisa kueleza mawe ya chokaa. Mtoe! (Nimekuwa mkali, najua, lakini wa namna yake nimewasoma mpaka wamenikinai.) Mapango yale yamechongwa na maji. Basi watoto wafuate njia ya maji mpaka watoke, na somo litakuwa limeshaingia bila mtu kuhutubia. Kipindi cha katuni cha Ubongo Kids, kilichoanzia Dar mwaka 2014, kinafundisha hesabu na sayansi, lakini wahusika wake hukwama kwanza ndipo hesabu ikahitajika.

Pesa? Kazi ya bandarini usiiache. Waandishi wengi hulipwa kwa kipindi, na baina ya kipindi na kipindi miezi hupita. Wazo tupu halilindwi na sheria ya hakimiliki, hulindwa lililoandikwa, kwa hiyo skripti ikikamilika kaisajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki. Mkataba ukija, tazama wahusika uliowabuni watabaki wa nani. Mara nyingi huwa wa mtayarishaji, na wengi hulijua hilo wakiwa wameshatia saini.

Rasimu mpya isizidi kurasa 15. Baba yako akiuliza hiyo ni kazi gani ya mtu mzima, mwambie anipigie. Kaka yangu huyo, namjulia.

Shangazi yako