Kwa Wazazi Vijana Mnaolikimbia Jina la Bilali

Wanangu na wajukuu zangu mlio katika umri wa kuoa, kuolewa na kulea,

Assalaam alaykum.

Nawaandikia nikiwa na hasira, wala sitaificha. Juzi nilialikwa akika hapa Pangani. Mbuzi wamechinjwa, maulidi yamesomwa, mtoto kanyolewa, chetezo kinafuka udi, limebaki jina. Baba mtu, kijana wa heshima zake, akasema mwanawe ataitwa Bilali, jina la babu mzaa babu yake aliyekuwa fundi wa majahazi na mwadhini wa msikiti wa mtaa wake hadi alipofariki. Kabla sijanyanyua mikono kuomba dua, shangazi mmoja akadakia: "Bilali? Jina la kitumwa hilo! Mtoto mwenyewe katoka mweupe, mnataka kumtia nuksi?"

Watu wakacheka. Kijana akainamisha kichwa. Mkewe akatoa simu, akapekuapekua, na muda si mrefu mtoto akapewa jina ambalo hakuna hata mmoja pale aliyeweza kulieleza. Sitalitaja, maana mtoto hana kosa. Dua niliomba, pilau nililila, nikarudi nyumbani nimenuna.

Shangazi ni mtu mzima mwenzangu, nitazungumza naye mwenyewe. Barua hii ni yenu ninyi mliocheka.

Jina hilo ni la sahaba wa Mtume, Bilal bin Rabah, aliyezaliwa Makka katika utumwa. Mama yake, Hamama, alikuwa Mhabeshi. Kisa chake mlikisoma chuoni mkiwa wadogo, najua, lakini naona mmekihifadhi kama kisa cha mtu wa kuonewa huruma. Kitazameni tena. Mtu amelazwa chali juu ya mchanga wa Makka jua la utosi, jiwe kubwa kifuani, na bwana wake, Umayya bin Khalaf, anamtaka atamke neno moja tu la kuwatukuza Lata na Uzza, miungu ya Makureshi, aachiwe. Yeye anajibu: Ahad, Ahad. Mmoja, Mmoja. Umayya alimiliki shingo yake, mgongo wake na jasho lake. Ulimi wake hakuupata. Nioneshe katika watu mnaowaita waungwana ni wangapi wangestahimili jiwe lile hata kwa muda wa kupika chai.

Abubakar, sahaba wa karibu wa Mtume, akamnunua na kumwacha huru. Inasimuliwa kwamba bei ilikuwa wakia tano za dhahabu, na wauzaji wakamkejeli Abubakar kwamba angeng'ang'ania wakia moja wangemwachia, naye akawajibu kwamba nao wangetaka mia angetoa. Miaka ikapita, Umar bin Khattab, Mkureshi wa damu, akawa akisema: "Abubakar ni bwana wetu, naye amemwacha huru bwana wetu." Bwana wetu wa pili hapo ni Bilal. Neno alilotumia Umar ni *sayyidana*, neno ambalo huku kwetu watu hulitunza kwa wenye nasaba ndefu peke yao, na kumbe Imam Bukhari, mkusanyaji wa hadithi, amelipokea likitamkwa kwa mtoto wa Hamama.

Wala msimdhanie alikuwa mnyonge wa kuinamisha kichwa. Katika vita vya Badri, mwaka wa 2 wa Hijra, alimwona Umayya akiongozwa na Abdurrahman bin Auf aliyekuwa rafiki yake wa zamani na aliyetaka kumwokoa. Bilal alipaza sauti akawaita Ansari, Waislamu wa Madina, kwamba yeye hana kuokoka ikiwa Umayya ataokoka. Umayya hakuiona Makka tena.

Sasa njooni kwenye adhana. Waislamu wa Madina walikuwa wakitafuta njia ya kuitana kwenye swala. Wengine wakataja kengele, wengine baragumu. Sahaba mmoja, Abdullah bin Zayd, akaota yale maneno ya adhana, akaenda kumweleza Mtume, rehema na amani zimfikie, na Mtume akamwambia amfundishe Bilal, kwa kuwa sauti yake ni bora zaidi. Mota ndoto hakupewa kazi. Kazi ilimwendea mwenye sauti. Na kuna mwanamke wa Banu Najjar, ukoo wa Madina, ambaye habari yake naipenda kuliko nyingi. Nyumba yake ilikuwa ndefu kuliko zote za jirani ya msikiti. Anasimulia kwamba Bilal alikuwa akija kabla ya alfajiri, anapanda juu ya dari lake, anakaa akiingoja asubuhi ichomoze, akiiona ananyanyuka, anajinyoosha, anawaombea dua Makureshi, kisha anaadhini. Makureshi haohao waliomlaza mchangani! Anawaombea wasimame imara na dini, usiku baada ya usiku, na mwanamke yule anaapa kwamba hamkumbuki kuiacha dua hiyo hata usiku mmoja.

Makka ilipofunguliwa, mwaka wa 8 wa Hijra, yaani 630, Mtume alimwamuru Bilal apande juu ya Kaaba aadhini. Wakubwa wa Makka walikuwa wamekaa wakitazama. Attab bin Asid akamshukuru Mungu kwa kumchukua baba yake kabla ya kuiona siku ile. Al-Harith bin Hisham akauliza kama Muhammad hakupata mwadhini mwingine ila huyu kunguru mweusi. Wako wafasiri wanaosema hapo ndipo iliposhuka aya ya 13 ya Suratul Hujurat, ile isemayo kwamba mbora wenu mbele ya Mwenyezi Mungu ni yule amchaye zaidi. Kwa hiyo maneno ya akika ya juzi si mapya. Yana karibu miaka 1,400, yaliwahi kusemwa na watu waliokuwa bado hawajatoka vizuri katika ujahili, na yakajibiwa kwa Qur'ani. Waliosema walisilimu, wakatengenea. Sisi tuliozaliwa na adhana masikioni ndio tunayarudia juu ya sinia la pilau.

Najua aibu hii imetoka wapi, na sitaki kuwadanganya. Mji huu wetu ulikuwa mwisho wa njia ya misafara na bandari ya kuuzia watu. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa 1873, kwa mkataba ambao Sultani Barghash aliwekewa mbele na Waingereza asiwe na la kufanya. Utumwa wenyewe kisheria ulikoma Unguja na Pemba 1897, huku Tanganyika 1922, na Omani ikangoja hadi 1970. Mabwana walikuwa na majina yao ya kuwapa watu waliowanunua: Mabruki, Feruzi, Almasi, Marjani, Faraji. Majina ya vito na ya heri, kama mtu anavyoita mali yake. Na ni kweli, Bilali alikuwemo. Walilijua jina la sahaba mweusi aliyekuwa mtumwa, wakalibandika juu ya kila mweusi waliyemtia kamba, wakasahau kwamba yule waliyemtaja aliachwa huru na akasimama juu ya Kaaba.

Basi nani aone haya? Aliyetekwa Nyasa akatembezwa hadi pwani na mzigo kichwani, au aliyemsubiri bandarini na mizani ya fedha? Tumegeuza mambo. Wajukuu wa waliouzwa wanaficha majina ya babu zao, na wajukuu wa waliouza wanayatundika majina ya babu zao kwenye milango ya maduka. Nimekaa vikao vya posa vingi katika maisha yangu, nikaona kijana anaswali, ana kazi, ana adabu, posa inakwama kwa sababu bibi mmoja kakumbuka kwamba nyanya yake kijana alikuwa kijakazi wa nyumba fulani. Mtoto akizaliwa, swali la kwanza ni mweupe au mweusi, na akina mama wanamgeuza wamtazame masikio wajue rangi atakayotoka nayo. Binti anajipaka mkorogo hadi uso unababuka, kisha anakaa darsani kusikiliza sifa za Bilal na machozi yanamtoka. Mnampenda Bilal akiwa mimbarini tu. Akija nyumbani kama jina la mtoto, mnamfungia mlango.

Wahenga walisema mwacha mila ni mtumwa. Mnaukimbia utumwa wa jina na kuingia katika utumwa huo.

Na jina lenyewe lina maana gani? Asili yake ni kulowesha. *Bilal* ni maji au chochote cha kulowesha koo lililokauka. Waarabu wana msemo wa kulowesha udugu, kwa maana ya kuunga jamaa, maana kwao udugu ulioachwa hukauka ukavunjika. Mtume mwenyewe amelitumia neno la mzizi huohuo aliposema juu ya jamaa zake ambao hakuwa na ushirika nao katika imani, kwamba hata hivyo wana udugu kwake na ataulowesha kwa ulowevu wake. Hilo ndilo jina lililofukuzwa kwenye akika mbele ya koo mbili zilizokutana kuunga jamaa.

Wenzenu mbali na hapa wamelifanya taji. Malaysia na Indonesia, mwadhini anaitwa bilal, awe jina lake nani. Kule Mali, ukoo wa Keita, ukoo wa wafalme uliomtoa Sundiata, mwasisi wa dola ya Mali, ulijinasibisha na Bilal. Wafalme walitaka kuwa wajukuu wake. Marekani, 1975, Waislamu weusi waliomfuata Warith Deen Mohammed walilibadili gazeti lao likaitwa Bilalian News, wakajiita wao wenyewe watu wa Bilal, na hao ni watu ambao babu zao waliuzwa kama babu zetu. Na hapa nyumbani, Dk. Mohamed Gharib Bilal, msomi wa fizikia ya nyuklia, alikuwa Waziri Kiongozi wa Zanzibar tangu 1995 hadi 2000, kisha Makamu wa Rais wa nchi hii tangu 2010 hadi 2015. Jina halikumtia nuksi.

Kuna jambo moja nawaomba walimu wa madrasa walisikie pia. Acheni kuwasimulia watoto kwamba Bilal hakuweza kutamka herufi ya *shin*, kwamba kwenye adhana alisema *as-hadu* badala ya *ash-hadu*, na eti sini yake kwa Mungu ni shini. Mwanachuoni Ibn Kathir ameandika kwamba habari hiyo haina asili. Alichaguliwa kwa ubora wa sauti, mnawezaje kumfanya mwenye ulimi mzito? Simulieni ile iliyothibiti katika Bukhari na Muslim: Mtume alimuuliza ni amali gani anayoitarajia zaidi, kwa kuwa amesikia kishindo cha viatu vyake mbele yake Peponi. Bilal akajibu kwamba hajapata kutia udhu, usiku au mchana, ila ameswali kwa udhu huo kiasi alichoandikiwa. Basi. Mtoto mwenye jina hilo akifundishwa hilo moja tu, amepata urithi.

Mengine nayasema kwa kifupi. Jina litafuteni kabla ya siku ya saba, msiliachie ukumbi. Ulizeni wazee wa pande zote mbili wawatajie waliotangulia na walikuwa watu gani, na muandike. Jina la kwenye simu mwonesheni anayejua Kiarabu kabla ya kulitangaza. Orodha hizo hutungiwa maana na yeyote. Kwenye cheti cha kuzaliwa hakikisheni herufi, Bilal au Bilali, yote sawa, lakini liwe moja hadi pasipoti. Wajina wa mtoto akiwa hai, mpelekeni mtoto amwone.

Kwa wewe kijana wa juzi: mwanao ana jina sasa, mlee nalo, Mungu amkuze. Akijaaliwa mdogo wake wa kiume, rudi na jina la babu yako, na safari hii litamke kwa sauti. Uelezee watu alitengeneza majahazi mangapi na aliadhini wapi. Akidakia mtu, mwache amalize, kisha rudia jina.

Na ninyi akina Bilali mlio shuleni na vyuoni, nasikia wenzenu wanawaita "Bila" wakiulizana bila nini, na wengine wenu mmeanza kujiandika Billy. Acheni. Andikeni jina lote kwenye daftari, kwenye simu, kwenye barua ya kuomba kazi. Anayetaka kujua limetoka wapi, mwelezeni habari ya dari la yule mama wa Banu Najjar na habari ya Kaaba, na mumweleze pia habari ya soko la Unguja, yote mawili bila kuruka moja. Mnaotaka kuisoma historia hii vizuri njooni baada ya swala ya alasiri, vitabu ninavyo.

Wassalaam,

Babu yenu,
Pangani