Anayekalia taarifa asinufaike na ucheleweshaji

Mhariri,

Nimewasindikiza jamaa na marafiki kadhaa kwa mawakili baada ya kuomba ajira za umma na kuachwa kwa namna waliyoona si ya haki, na kila mara wakili alianza kwa kuuliza uteuzi ulifanyika lini. Jibu la swali hilo huamua kama shauri litasikilizwa au litatupwa kwa pingamizi la awali bila hoja zake kuguswa. Tanzania, kibali cha kuomba mapitio ya mahakama, yaani jaji achunguze uhalali wa uamuzi wa mamlaka ya umma, huombwa ndani ya miezi 6; Uingereza, mwombaji hutakiwa kwenda bila kukawia na isizidi miezi 3; Ufaransa, kwa kawaida ni miezi 2.

Sipingi kuwepo kwa ukomo. Aliyeteuliwa huwa amekwisha kuacha kazi yake ya awali, pengine amehamisha familia, na ametia saini nyaraka ambazo watu wengine wanazitegemea.

Kinachoniumiza ni siku ambayo hesabu inaanzia. Mmoja wa niliowasindikiza aliandika kuomba alama zake za usaili wiki ileile matokeo yalipotoka. Nakala yake iligongwa mhuri wa kupokelewa, akaambiwa arudi baada ya wiki mbili, kisha kwamba faili liko kwa mkubwa, kisha kwamba mkubwa amesafiri. Alipoishika karatasi na kuona kuwa aliyeajiriwa alikuwa nyuma yake kwa alama 11, mwezi wa saba tangu uteuzi ulikuwa umeanza, na mwajiri aliyeikalia taarifa hiyo ndiye aliyesimama mbele ya jaji kudai kwamba ombi limeletwa nje ya muda.

Ni kweli kwamba mtu anaweza kuomba kuongezewa muda, lakini mahakama za Tanzania humtaka atoe maelezo ya kila siku aliyochelewa, mzigo ambao ni mzito mno kwa mtu aliyekuwa akizungushwa masjala. (Yeyote anayepeleka barua ya aina hiyo asiondoke bila nakala yenye mhuri na tarehe.) Ufaransa, barua ya kumkatalia mtu isipotaja njia na muda wa kupinga uamuzi, ile miezi 2 kwa kawaida haimbani. Naomba watunga sheria wetu waige hilo: kila mwombaji aliyefanyiwa usaili apewe kwa maandishi alama zake, sababu za kuachwa na tarehe ya mwisho ya kupinga, na siku zihesabiwe tangu alipoipokea barua hiyo.

Mahakama nazo zisikilize mapema maombi ya zuio, kabla mteuliwa hajaapishwa. Nafasi ikiwa ya mkataba wa miaka 3 na hukumu ikatoka mwaka wa tatu, aliyeshinda hukabidhiwa karatasi, na kiti kinabaki na aliyekikalia.

Msomaji wako wa siku nyingi