Shukrani kwa mama muuza maji wa hekalu la Wat Mahathat, Ayutthaya, Thailand

Mama, jina lako hatulijui, ila ulichokifanya tunakitaja hadharani. Asante sana.

Ayutthaya, mji mkuu wa Siam (jina la zamani la Thailand) tangu 1350 hadi jeshi la Burma lilipouteketeza 1767, sehemu yake ya kale sasa ni magofu ya matofali, mengi hayana paa. Saa saba mchana joto linakupiga kutoka juu na kutoka chini. Mwenzetu, mtu mzima, alianza kupepesuka karibu na kile kichwa cha Buddha kilichoshikwa na mizizi ya mti, wakati kiongozi wa kikundi chetu yuko mbele na wengine.

Uliacha meza yako, ukamshikilia hadi kivulini, ukamlaza na kumwinulia miguu juu ya kreti. Ukamlegeza mkanda, ukamwekea vitambaa vya maji ya barafu shingoni na kwapani, ukampepea kwa kipande cha boksi. Maji ya chumvichumvi uliyachanganya baada ya kusoma kipimo kwenye pakiti, ukampa funda moja moja, maana akiyagugumia angetapika. Kila mara ulimwuliza jina lake kuhakikisha hajachanganyikiwa. Angechanganyikiwa, ilikuwa hospitali moja kwa moja. Pesa ulikataa.

Mnaokwenda huko, anzeni na magofu asubuhi, mchana ingieni makumbusho ya Chao Sam Phraya, na kila kikundi kiwe na mtu wa kutembea nyuma kabisa.